Msimamizi Imara wa Familia

Mtaani kwao hakuna mtu mbaya aliyewahi kufa. Wabaya walikuwepo, tena wengi, lakini wakishakata roho tu walikuwa wanageuka watu wa heshima, na aliyewageuza ni mwanamke mmoja mwenye kompyuta kuukuu na mashine ya kuchapa iliyokohoa kabla ya kutoa karatasi. Duka lake lilikuwa chumba kimoja, katikati ya kinyozi na muuza vipuri vya baiskeli. Ubao wa mlangoni ulisema anapiga picha za pasipoti, anatoa nakala, anachapa barua za kuomba kazi na kuvalisha vyeti plastiki. Yote hayo aliyafanya. Lakini kilichompa jina ni wasifu wa marehemu, ile habari ya maisha inayosomwa mazishini watu wakiwa wameinamisha vichwa. Ndiyo maana wakubwa kwa wadogo walimwita Mama Wasifu.

Wafiwa walikuja macho yamevimba, picha mkononi, hawajui waanzie wapi. Mama Wasifu aliwapa kiti, akawapa pole, kisha akaweka vidole kwenye vibonye.

"Marehemu alikuwa anapenda nini?"

"Pombe," mjane angejibu.

Vidole vinakimbia: *Marehemu alikuwa mtu wa watu, mchangamfu, aliyependa kukaa na wenzake.*

"Na nyumbani?"

"Nyumbani? Tulikuwa tunamwona kwa bahati."

*Alijituma katika shughuli zake bila kuchoka.*

"Halafu alikuwa na mdomo huyo, Mungu amsamehe."

*Hakuogopa kusema ukweli.*

Mjane akishasoma, analia upya, na safari hii anamlilia mume ambaye hakuwahi kuwa naye. Anakunja karatasi vizuri, anashukuru, anaondoka akiwa amepata nafuu. Mama Wasifu hakuona ubaya wowote hapo. Kinyozi wa jirani naye alikuwa akiwapokea watu wachafuchafu na kuwatoa wakiwa wanapendeza, na hakuna aliyemwita mwongo.

Kwa wale waliokuwa wakipiga wake zao alikuwa na maneno maalumu: *Marehemu alikuwa msimamizi imara wa familia yake.* Hakuyatunga yeye. Aliyapata kwa mamamkwe wake, zamani, siku alipopelekwa kutambulishwa. Mamamkwe alimshika mkono, akamwangalia kwa muda, akamwambia, "Mwanangu ni msimamizi imara. Amefanana na baba yake." Msichana wa watu akarudi kwao anatembea hewani, maana nani asiyetaka msimamizi imara?

Mume huyo alifariki mwaka juzi kwa shinikizo la damu. Alifia kazini, katikati ya watu waliompenda kwa dhati, kwa sababu kazini alikuwa mpole. Wasifu wake ndiyo kazi bora kuliko zote alizowahi kufanya Mama Wasifu. Mashemeji zake walikuwa wamesimama nyuma ya kiti chake wakati anaandika, lakini hata wasingesimama angeandika vilevile; mkono ulishazoea. Siku ya mazishi watu walilia mpaka wachimba kaburi nao wakafuta macho. Wasifu ukavalishwa plastiki, ukatiwa kwenye fremu, ukatundikwa sebuleni juu ya televisheni. Mamamkwe, aliyehamia kuishi naye baada ya msiba, aliufuta vumbi kila asubuhi kwa ule mkono wake wa kulia usionyooka kiwikoni. Mkono huo, alisema bibi wa watu, ni baridi yabisi tu.

Na Mama Wasifu mwenyewe alikuwa na kidole kidogo cha mkono wa kushoto ambacho hakikunjiki. Wateja walipouliza, alijibu kwamba kilibanwa na mlango wa stoo. Alichapa kwa vidole tisa, kwa kasi kuliko wengi wenye kumi, akaacha mambo hapo.

Sasa Jumapili moja binti yake wa pekee akaja kumtembelea, anang'aa. Binti huyu alifanya kazi ofisi ya bima, upande wa pili wa mji. Tangu mdogo alisoma shule ya bweni, mama alimpeleka huko mapema kuliko watoto wa wenzake, na baba yake alimjua kwa likizo tu. Likizo baba alikuwa mtu mwingine, ananunua zawadi, anaimba anaponyoa ndevu. Yaliyobaki binti aliyasoma kwenye fremu.

"Mama, nimempata," alisema kabla hajaketi. "Bibi, sikia na wewe. Nimempata mtu kama baba!"

Bibi alikuwa kwenye kochi anachambua mchele kwenye sinia. Hakuinua macho.

"Kama baba vipi?" aliuliza Mama Wasifu.

"Ana msimamo. Anataka kujua niko wapi, niko na nani. Rafiki zangu wale wa ofisini amenichujia wote, amebakiza mmoja. Ananijali, mama! Tena nilimwonyesha picha ya ule wasifu wa baba kwenye simu, akasoma wote. Akasema siku akifa anataka naye aandikwe hivyohivyo, msimamizi imara."

Akacheka kwa furaha. Akatoa kwenye mkoba mfano wa kadi za harusi anazotaka mama amchapie, na akaomba maneno ya fremu yawekwe ndani ya kadi, kumuenzi baba. Hapo ndipo Mama Wasifu alipoona kidole gumba cha mwanawe kimefungwa bandeji.

"Hicho kimefanya nini?"

"Aa, mlango wa gari. Nilikuwa na haraka."

Mwanamke aliyekuwa na neno zuri kwa kila balaa alikosa neno. Alimwangalia mwanawe usoni, na binti akamwangalia naye kwa macho meupe kabisa, ya mtu anayeamini anachokisema au aliyekwisha kujifunza kuamini. Mama Wasifu alitaka kumwambia, usiolewe. Kilichomtoka kinywani ni, "Hongera, mwanangu."

"Kadi nazifuata Jumapili ijayo," binti alisema. "Anataka zigawiwe mapema."

*

Wiki hiyo Mama Wasifu hakuwa mzima. Mteja alimletea habari za baba yake aliyekufa mzee sana, mpole, asiyemgusa hata kuku, naye akamwandika kuwa msimamizi imara. Mtoto wa marehemu akasoma, akasema hapana, mama, baba alikuwa mpole kweli. Ikabidi amtafutie maneno mengine, na hakuyapata upesi, maana yote mazuri alishawapa wasiostahili.

Alhamisi alikuwa na kazi ya kupeleka maktaba. Juu ya maktaba ya mtaa kulikuwa na chumba ambamo wanawake fulani walikutana kila wiki kuandika habari za maisha yao. Aliyewakusanya ni mshauri wa mambo ya familia, dada mdogomdogo mwenye sauti ya mtu anayeogopa kumwamsha mtoto, na aliamini kwamba kinachoandikwa kinaacha kuuma. Walikaa viti vya plastiki kwa duara, na katikati ya duara, kwenye kigoda, palikuwa na boksi la tishu. Mwanzoni walikuja kupona. Baada ya muda yakawa kama mashindano: huyu mume wake kauza kitanda, yule wa kwake kauza kitanda na godoro, na aliyekuwa na mume mwenye afadhali alikaa kimya kwa aibu. Lakini waliandika, tena walikuja hata mvua ikinyesha. Mama Wasifu alikuwa amepewa kazi ya kuwachapia karatasi zao ziwe kijitabu.

Alizigawa, akasimama mlangoni kungoja sifa, kama ilivyo desturi yake.

Wa kwanza kufoka ni Msusi, mwanamke mnene mwenye saluni karibu na kituo cha mabasi.

"Wewe! Hii ni nini? Mimi niliandika, 'Alinipiga ngumi mbele ya wateja wangu, nikaendelea kusuka.' Hapa naona, 'Walipitia changamoto za ndoa.'"

"Nilikurekebishia kidogo," alisema Mama Wasifu.

"Changamoto? Changamoto ni kusahau mwamvuli! Mimi nimetapika damu miaka yote hiyo, leo nimepata ujasiri wa kuisema, wewe unaifuta kwa tambara!"

Wengine wakapekua za kwao. Aliyeuziwa kitanda alikuta mume wake *alipunguza samani*. Kelele zikapanda. Mshauri akainua viganja akiwaomba watulie, na walipotulia akamgeukia Mama Wasifu bila hasira.

"Dada, kaa hapa na sisi. Andika habari yako wewe. Ukurasa mmoja tu."

Kumpa Mama Wasifu ukurasa mmoja ni kumpa samaki maji. Alikaa, akaomba kalamu, akamaliza wakati wengine bado wanatafuta sentensi ya kwanza. Walipomwambia asome, akasimama, akakohoa kidogo, akatoa sauti yake ya mazishini.

"Alizaliwa katika familia ya watu wema. Alisoma, akafuzu kupiga chapa. Alifunga ndoa iliyojaa heshima. Alikuwa mke mvumilivu, mama mwenye upendo na mchapakazi aliyependwa na majirani. Ameacha binti mmoja na mamamkwe mmoja. Daima atakumbukwa."

Akashusha karatasi, akangoja sifa.

"Pole jamani," alisema Msusi. "Mazishi lini?"

Walicheka wale wanawake mpaka viti vikalia. Mmoja akauliza kama kuna michango, mwingine akamwomba marehemu amwachie mashine ya kuchapa. Mama Wasifu akaangalia karatasi yake, akaona kweli, amejiandika maiti. Hakukusudia. Alipewa maisha ayaeleze, mkono ukafanya ulichozoea. Akacheka naye, alicheka sana, kisha kicheko kikageuka bila yeye kujua kilipogeukia, na akajikuta anavuta tishu kwenye lile boksi alilodhani ni pambo.

Aliyesogeza kiti karibu yake ni nesi mstaafu, mama mkimya ambaye habari zake zilijaa ukurasa mmoja tu kwa sababu hakupenda kurudia maneno.

"Nina swali kuhusu huyu marehemu," alisema. "Umesema alikuwa mvumilivu. Alivumilia nini?"

Mama Wasifu akaanza kuikunja karatasi yake. Nesi akakiangalia kidole kisichokunjika, akakiangalia kama mtu aliyekwisha kuviona vingi vya namna hiyo, na hakuuliza tena.

*

Kesho yake duka halikufunguliwa. Yaani lilifunguliwa nusu, mlango mmoja, na ndani Mama Wasifu alikuwa amekaa mbele ya kompyuta na lile swali. Aliyetaka picha ya pasipoti alibisha hodi, akaambiwa mashine imeharibika. Haikuwa imeharibika mashine.

Aliandika: *Mume wangu alikuwa.* Vidole vikamalizia vyenyewe: *mtu wa watu.* Akafuta. Akaandika tena, vikaleta *mwenye msimamo.* Akafuta. Alishangaa na kukasirika. Kwa marehemu wa watu wengine maneno yalikuja mbio, na kwa wa kwake yalikuja mbio vilevile, yote ya uongo, yamejipanga kama wateja. Ya kweli hayakuwepo hata moja. Mwishowe akaamua aandike kama anavyoandika mtoto wa shule, jambo moja baada ya jingine, bila kupamba.

*Chai ilikuwa imepoa. Alinishika kidole akakipinda taratibu huku ananieleza kosa langu. Hakupandisha sauti. Kilipovunjika alinipeleka hospitali mwenyewe, akanibebea mkoba, na wauguzi wakaniambia nina bahati ya mume. Mimi nikasema ni mlango. Yeye akasema, atautengeneza huo mlango.*

Alisimama, akanywa maji, akakaa tena.

*Mwanangu nilimpeleka bweni akiwa bado analowesha kitanda. Alilia ameshika nguo yangu. Alidhani nimemchoka. Sikutaka aone.*

Hapo alilia kwa sauti, na kinyozi wa jirani akazima mashine yake ya kunyolea asikilize, akaiwasha tena kwa adabu. Mama Wasifu aliona aibu, halafu akaona hasira, na hasira ilimfaa zaidi. Akaandika mpaka akamaliza. Hakujisikia amepona, hata yule Mshauri asingediriki kusema hivyo. Alijisikia kama mtu aliyevua kiatu kilichombana mchana kutwa: mguu bado unauma, lakini sasa unajua ni mguu wako.

Mashine ikakohoa, ikatoa kurasa. Kadi za harusi hakuzigusa.

*

Jumapili binti alifika na mkoba mkubwa wa kubebea kadi. Simu yake iliita akiwa mlangoni, akajibu, "Nimefika kwa mama. Ndiyo. Nipo na mama na bibi tu. Ndiyo." Akaiweka mezani, uso wake juu, mahali atakapoiona.

"Kadi zipo wapi, mama?"

"Kaa kwanza. Nina kitu cha kukusomea."

Mama Wasifu alikuwa amepanga amsomee binti wakati bibi ametoka, maana bibi Jumapili huenda kumjulia hali jirani. Leo bibi alisema miguu inamuuma, hatoki. Alikuwa kwenye kochi lake, tambara la kufutia fremu mapajani. Mama Wasifu akamwangalia, akaogopa kweli. Mwanamke yule alimzaa huyo anayekwenda kusemwa. Anaweza kulia, anaweza kulaani, anaweza kubeba nguo zake leo hii na kwenda kuueleza ukoo mzima. Lakini mezani kulikuwa na kidole gumba chenye bandeji, kimelala karibu na simu, na kwa ajili hiyo akasoma.

Safari hii sauti ya mazishini haikuja. Alisoma vibaya, anakwama, anarudia mstari. Alipofika kwenye chai iliyopoa binti alisema, "Mama, unasoma habari ya nani?" Mama akaendelea kusoma. Alipofika bweni, binti alisimama.

"Baba hakuwa hivyo!"

"Likizo hakuwa hivyo."

"Na ile?" Binti alinyoosha mkono juu ya televisheni. "Ile nani kaiandika? Si wewe? Tangu msiba naisoma ile! Nimeikariri! Nimemtafuta mtu kwa ile!"

"Najua," alisema mama yake. "Ndiyo maana nasoma hii."

"Kwa nini uliandika uongo?"

"Niliandika wanachoandikiwa wote. Nikamwandikia na yeye. Nisamehe, mwanangu. Nilidhani nakuachia baba mzuri, kumbe nimekuchagulia mume."

Binti akamgeukia bibi yake. Alikuwa analia sasa, anatafuta shahidi.

"Bibi, mwambie. Wewe ndiye uliyemzaa. Mwambie anasema uongo."

Bibi alikunja tambara lake mara moja, akalikunja tena. Hakumwangalia mjukuu, alimwangalia mkwe wake.

"Siku ile ulipoletwa," alisema, "nilikwambia amefanana na baba yake. Unakumbuka?"

"Nakumbuka, mama."

"Sikukudanganya. Alifanana naye kabisa." Akauinua ule mkono wa kulia mpaka ulipogomea, palepale unapogomea kila asubuhi. "Na hii si baridi yabisi. Mlango uliokubana wewe ndio ulionibana na mimi. Kila nikiifuta ile fremu nilikuwa nasema, mkwe wangu ana bahati, yeye ameyasahau. Nikaogopa kukukumbusha."

"Na mimi nilidhani unaipenda," alisema Mama Wasifu.

"Naipenda kitu gani? Naifuta vumbi."

Simu ikaita mezani. Wote watatu waliiangalia. Iliita mpaka ikanyamaza, ikaita tena. Binti akaketi taratibu, akakishika kidole gumba chake kwa mkono mwingine, akakifunika kama mtu anayeficha kitu dukani.

"Mlango wangu mimi nilisema ni wa gari," alisema.

Mama yake akaenda kukaa karibu naye. Hakusema neno lolote zuri, na kwa mtu wa kazi yake hilo lilikuwa gumu. Alimshika tu, na binti akamlalia begani, akalia kilio cha siku ile ya bweni, na safari hii hakuna aliyemwachisha nguo ya mama yake.

Simu ilipoita mara nyingine, binti aliichukua, akaigeuza uso chini.

"Mama," alisema, "kadi usichape."

Bibi akanyanyuka kutoka kwenye kochi. Akaenda mpaka kwenye televisheni, akapandisha ule mkono mbovu, ukakataa, akapandisha wa pili, akaishusha fremu na kuiegemeza ukutani, maandishi yakiangalia ukuta. Kisha akavuta kiti mpaka mbele ya mkwe wake, akaketi, akanyoosha kanga yake magotini kama wanavyoketi wafiwa kule dukani.

"Haya," alisema. "Sasa niandikie na mimi. Usingoje nife."